Malalamiko Dhidi ya Samaki Asiye na Maji

Ikuti, Rungwe.
Jumamosi alasiri, mvua imenyamaza kidogo.

Kwa Baba yake Hosea,
Mwenye kofia ya kahawia,
Nyumba ya juu kilimani.

YAH: SAMAKI ULIYEMLETA NYUMBANI KWANGU BILA MAJI

Mheshimiwa Tata, baba mkwe wangu,

Shikamoo.

Sasa hivi, kabla sijaandika hata siku ya leo, mjukuu wako Baraka amemwaga pumba za kuku, debe zima, katikati ya jiko, akalala chali na kujifukia mpaka puani. Yamebaki macho mawili tu. Nikamwambia, "Baraka, inuka, hicho ni chakula cha kuku." Pumba zikanijibu, "Baraka hayupo. Hapa pana mchanga tu. Pita, mama, lakini usinipige kivuli." Tetea akaja akamdonoa sikio, na hata hapo hakuinuka, alifumba jicho moja tu. Nimemwacha humo humo, maana ndiyo nafasi pekee niliyopata ya kukaa na peni.

Husika na kichwa cha habari hapo juu. Nakuandikia kwa unyenyekevu, kwa kuwa mila inanikataza nisikutazame, nisikusemeshe, wala nisitaje jina lako, na katika miaka sita ya ndoa yangu na Hosea sijaivunja isipokuwa siku ile moja ambayo nitaieleza kwenye namba ya saba. Kuhusu barua nimemuuliza kwanza wifi Sekela. Alifikiri sana huku akimenya ndizi, akasema mila imezuia macho na mdomo, peni haikutajwa. Kwa hiyo yeye mwenyewe ndiye atakayekuletea. Kama miwani yako imepotea tena, akusomee, lakini umkataze kucheka. Mimi nalalamika kweli.

Mwalimu wetu wa darasa la saba alituambia malalamiko yaandikwe kwa namba, ili mkubwa akichoka katikati ajue kesho aanzie wapi. Basi naanza.

1. Kuhusu asili ya samaki mwenyewe.

Mwezi wa kumi na moja ulikuja hapa kwetu, kama kawaida yako ya kila Jumamosi, ukakaa barazani na mjukuu wako, ukamwambia habari za ile miaka miwili uliyokaa Lindi ukijenga shule, ulipokuwa kijana. Hapo sina neno. Ukamwambia kwamba ufukweni, pale maji yanapofika kwenye kifundo cha mguu, kuna samaki mdogo kama kidole cha mwisho, rangi yake na ya mchanga ni moja, huwezi kumwona mpaka asogee. Kivuli chako kikimwangukia, anazama mchangani kufumba na kufumbua, anabaki macho mawili juu anakuchungulia. Kivuli kikishapita anatoka, anaendelea na safari zake. Hapo pia sina neno, Mungu ameumba mengi.

Lakini, Tata, ulimwambia hayo mtoto wa miaka minne na nusu, mtoto wa Rungwe, ambaye maji anayoyajua ni ya mvua na ya mto, na mto wenyewe ni wa mawe matupu, unakimbia kama umeitwa. Ufukwe hapa hatuna, tuna udongo mweusi wa kuoteshea. Kivuli chenyewe, kwa ukungu huu wetu, tunakiona mara mbili kwa wiki. Yaani ulituletea mfugo bila kuuliza kama tuna malisho.

2. Kuhusu mchanga.

Mtoto akautafuta mchanga mpaka akaupata. Jirani yetu Abrahamu anajenga, na ameletewa lori zima la mchanga wa mtoni. Jumanne moja fundi wake alichota koleo la kwanza, akachota la pili, alipochoma la tatu mchanga ukapiga yowe. Fundi akatupa koleo, akakimbilia migombani, na kazi ikasimama mpaka saa nane, anasema kiwanja kile kina mambo. Baraka hakuumia, ilichanika kaptula tu, tena ile ya kanisani.

Abrahamu akaja hapa na mtoto amemshika mkono. Akaniambia, "Mama Baraka, huyu siku moja nitamkandika ukutani, niwe na nyumba yenye macho." Akacheka. Mimi sikucheka mpaka alipoondoka.

3. Kuhusu chumvi.

Ulimwambia pia kwamba maji ya baharini ni ya chumvi. Sikatai, hata shuleni tulisoma. Lakini kulikuwa na haja gani ya kumwambia na kiasi? Alichukua pakiti nzima akaimimina kwenye ndoo ya maji ya kunywa, amwandalie samaki mahali pa kufikia. Siku hiyo hiyo wamama wa kwaya wakaja kufanyia mazoezi hapa nyumbani, na mimi bila habari nikawapikia chai kwa maji yale, sukari juu ya chumvi.

Walikunywa wakitazama chini kama watu walio kwenye maombi. Mama Esnath, yule wa sauti ya kwanza, alimaliza kikombe chake akasema, "Chai ya hapa ina nguvu." Tulipanga nyimbo nane, tukaimba nne, wote wakaaga mapema kwenda kutafuta maji ya kunywa. Tangu hapo wawili wamemuuliza Sekela kwa siri kama kwetu tuko salama.

4. Kuhusu baba yake.

Hili linamhusu mwanao. Ulimwambia Baraka kwamba kwa samaki hao anayelinda mayai ni baba. Mama akishataga anaondoka zake, na baba anabaki chini ya gamba la kombe, hali wala halali, anayapepea mayai kwa mkia mpaka yaanguliwe. Jioni Baraka akamsimamisha baba yake mlangoni. "Baba, mimi nilipokuwa yai wewe ulikuwa wapi?" Hosea, mwenye kupeleka ndizi sokoni Kiwira siku zote za maisha yake, akajibu kweli: "Nilikuwa Kiwira." Jibu hilo halikukubaliwa.

Siku hizi akirudi, hata buti hajavua, anashikwa mkono mpaka kwenye tenga la kuku anayeatamia, anapewa jani la mgomba, anapepea. Mwanaume wa miaka thelathini na moja. Nikimwambia aje akueleze mwenyewe, anasema, "Hayo mambo ya baba, mimi simo."

Ila kwa kuwa Biblia inatutaka tuseme kweli, katika lalamiko hili la nne mimi sijapata hasara. Hosea anarudi mapema kuliko zamani, na kwa kuwa ameshakaa, huwa nampa na ndizi amenye. Nimeliandika ili namba zisiruke.

5. Kuhusu ushahidi.

Nikaona dawa ni ukweli. Nikamchukua mtoto mpaka sokoni Tukuyu, kwa Mwantum, yule muuza samaki wakavu ambaye ukoo wao ulitokea pwani, maana nilisikia bibi yake alikuwa wa huko huko Lindi. Nikamwambia, "Dada Mwantum, naomba umwambie mtoto huyu kwamba samaki wa kujifukia mchangani akabakiza macho, hayupo duniani."

Mwantum akaacha kupima. "Mdogo hivi? Ukimpiga kivuli, pyu, hayupo?"

Baraka akasema, "Eeh!"

"Nani kakwambia, baba?"

"Babu."

"Basi babu yako mkweli. Mimi kwa bibi yangu tulikuwa tunamfukuza kutwa nzima, miguu inatota mpaka inafanya makunyanzi, na hatumpati. Nyie wa milimani mnamjulia wapi?"

Kwa hiyo, Tata, nilikwenda kukutafutia shahidi wa kukuangusha, nikarudi na shahidi wako. Baraka akamuuliza samaki anaitwa nani, maana wewe ulimwambia jina umelisahau. Mwantum akafikiri, akasema, "Kwetu hakuwa na jina. Mdogo mno, haliwi, hauzwi. Nani ajisumbue kumpa jina?"

Mtoto alinuna njia nzima. Tulipofika kwenye mashamba ya chai akasimama, akatangaza kwamba amempa jina yeye mwenyewe. Amempa la kwako.

Sasa naomba uone ulivyonifanya. Mtoto wangu kanisani alibatizwa kwa jina lako, kama ilivyo desturi, na mimi mama yake siwezi kumwita kwa jina hilo, ndiyo maana namwita Baraka, ambalo ni lile lile limevalishwa Kiswahili. Wewe mwenyewe siwezi kukutaja. Na samaki naye sasa simtaji. Juzi Baraka aliniuliza, "Mama, nani kala maandazi?" nami nilijua kabisa ni samaki ndiye atakayesingiziwa, na nikashindwa kumtetea kwa jina.

6. Kuhusu picha.

Hili lilinipeleka shuleni. Mwalimu Jenifer wa chekechea aliwaambia watoto wachore watu wa nyumbani. Baraka akamchora baba yake na mkungu wa ndizi kichwani, akakuchora wewe na kofia iliyoizidi nyumba, akachora ng'ombe wa miguu sita. Chini kabisa ya karatasi akaacha peupe, akaweka nukta mbili.

Mwalimu akamuuliza, "Na mama yuko wapi?"

"Huyo hapo chini. Babu amepita."

Mwalimu Jenifer ni mtu wa Singida, huu ni mwaka wake wa pili hapa. Akaniita. Akanikalisha kwenye kiti cha watoto, magoti yakanifika kidevuni, akaniuliza kwa sauti ya chini kama nyumbani kwetu kuna mtu ninayemwogopa.

Tata, siku hiyo nilitamani sakafu ile iwe mchanga.

Nikamweleza. Nikamwambia kwetu mke hakutani na baba wa mume wake, ndiyo heshima, ilikuwapo kabla yangu. Nikamwambia wewe si mkali hata kidogo. Kwamba ukija unakohoa mara tatu pale kwenye mparachichi, ili nipate muda wa kwenda nyuma ya jiko. Kwamba tangu mke wako atangulie kwa Mungu nakupikia mbalaga kila Jumamosi, ndizi na maharage na nyama ikiwepo, nampa Baraka sahani, Baraka anakuletea barazani. Kwamba kanisani unakaa mbele upande wa wanaume na mimi nimepewa nguzo, nakaa nyuma ya nguzo, mchungaji wangu ni nguzo. Kwamba kwa miaka sita nakujua kwa kikohozi na kwa gamboti zako, ya kushoto ina kiraka cha mpira wa baiskeli. Na kwamba tunasalimiana vizuri tu, wewe unasema, "Mwambie wa jikoni ndizi zimeiva," na mimi nasema, "Mwambie wa barazani ndaga, amshukuru na Mungu." Ndaga nilimtafsiria kuwa ni asante.

Mwalimu akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akaniuliza swali ambalo hakuna aliyewahi kuniuliza. "Na mnapendana?"

Sikujua swali kama hilo linajibiwaje kiofisi. Nikamwambia, "Huwa ananiachia parachichi mlangoni."

Akaandika kitu kwenye daftari lake. Sijui aliandika nini.

7. Kuhusu siku yenyewe.

Nafika sasa pale pagumu. Jumamosi ile ulikohoa mara tatu. Nikakimbia nyuma ya jiko na mwiko mkononi, kama siku zote. Nikasikia umekaa, nikasikia umevuta pumzi, Baraka amekuletea sahani. Mara Baraka akaja kule nilikojificha nimechuchumaa, akaniinamia sikioni kama mtu mzima. "Mama, toka. Kivuli kimeshapita. Ukikaa sana mchangani utakosa chakula."

Nikamwashiria aende. Akakishika kitenge changu. Nikakishika na mimi. Akavuta kwa mikono miwili na kelele, kitenge kikaenda naye, na mimi nikakifuata kitenge, kwa sababu ndicho kipya. Kumbe na wewe kelele zile zimekuinua, umekuja kutazama mtoto analia nini. Tukakutana kwenye kona ya jiko. Hatua mbili. Mimi na mwiko, unga mpaka kwenye kope. Wewe mdomo wazi, tonge la mbalaga bado liko mkononi.

Kisha ukageuka. Ulishuka ile njia kama kijana, Tata, mtu asingejua una miaka sabini na sita. Kofia ilinaswa na jani la mgomba, ikabaki inaning'inia, na hukuirudia.

Tangu hapo Jumamosi mbili zimepita bila kikohozi, na leo ndiyo ya tatu.

Naandika hapa, mbele ya yeyote atakayesoma, kwamba naomba radhi. Sikukusudia. Lakini siwezi kusema kwamba sikuona, maana niliona, na nimejaribu kusahau nimeshindwa. Nyusi za Baraka ni zako. Hizi nyusi nene zinazokutana katikati ya uso. Miaka yote hii nimekuwa nikimuuliza Hosea zimetoka kwa nani, na Hosea anasema sijui, labda kwa mjomba. Kumbe ziko pale juu kilimani, kila Jumamosi zinashuka kuja kula kwangu, zinarudi, nami niko nyuma ya jiko.

8. Kuhusu matokeo.

Kila Jumamosi mtoto anakwenda kukaa chini ya mparachichi na kofia yako kichwani, imemfika kidevuni. Jumamosi ya kwanza alisema umechelewa. Ya pili alichoka kusubiri, akakohoa yeye mwenyewe mara tatu, na mimi, aibu yangu, nikakimbia. Nilikuwa nimeshafika nyuma ya jiko ndipo nikasikia anacheka. Halafu akageuka kutazama njia, na nyuma ya kile kikohozi hakukuwa na mtu.

Leo asubuhi hakwenda kabisa. Alikuja kusimama hapa mlangoni akaniambia, "Mama, babu naye kajifukia. Nani alimpiga kivuli?"

Nikamwambia sijui. Akanitazama kwa zile nyusi zako. Nikamwambia, "Ni mimi, mwanangu."

Akafikiri. Hakunikasirikia. Akasema, "Basi wewe kaa pembeni kidogo, kipite." Ndipo baada ya chakula akaenda kumwaga pumba. Anasema samaki hamtokei mtu, anamtokea samaki mwenzake, kwa hiyo anakungoja humo akiwa samaki. Mpaka nafika mstari huu bado yumo. Macho yanapepesa.

MAOMBI

Kutokana na hoja hizo nane, naomba kwa heshima zote yafuatayo.

(a) Samaki huyu aondolewe nyumbani kwangu mara moja.

(b) Kwa kuwa samaki aliingia kwa mdomo, hawezi kutolewa kwa mkono wala kwa ungo. Mdomo uliomleta ndio umtoe. Na kwa kuwa mdomo huo hauwezi kuja peke yake, basi aje na mwenyewe, akae barazani, Jumamosi, saa ile ile.

(c) Usimtume mtu. Wifi Sekela alijaribu juzi kusimulia habari hizo kwa niaba yako. Mtoto alimsahihisha mara kumi na moja, kisha akamwambia, "Shangazi, wewe nenda kapumzike."

(d) Kuhusu mila, sikutumi uivunje. Nauliza tu kwa kuwa sijasoma sana: mimi nimeshaonekana, mwiko, unga na vyote, sasa kimebaki kipande gani cha kuficha? Mwaka jana mchungaji alitangaza kwamba wakwe wakitaka kupeana mikono wapeane, kanisa halioni kosa, na watu wakapiga makofi. Wewe pia ulipiga. Nilikuwa nyuma ya nguzo, lakini makofi yako nayajua, yana sauti ya mwashi. Hata hivyo silazimishi. Kama bado unataka nijifiche, nitajificha, nimeshazoea. Nitajificha vizuri kuliko zamani, hata macho sitabakiza. Wewe njoo tu.

(e) Kofia yako haitarudishwa kwa mkono wa Sekela wala wa mtu mwingine. Inashikiliwa hapa kama kidhibiti mpaka shauri liishe. Nimeifuta vumbi. Iko kwenye msumari wa barazani, juu ya kiti chako, ambacho hakuna aliyekikalia ila kuku mara moja, naye alifukuzwa.

Natumaini malalamiko yangu yatapokelewa na kushughulikiwa kabla mtoto hajamaliza pumba na kuhamia kwenye unga. Wasalimie wote wa huko juu: ng'ombe wako na ndama wake mpya, majirani wanaoniuliza kwa nini hushuki siku hizi, na wifi Sekela, ambaye najua anasoma hapa begani kwako na aliambiwa asicheke. Ndaga fijo, Tata.

Wako mtiifu,
Wa Jikoni,
yaani Veronika, mama wa Baraka.

Nakala: Hosea (hatapatikana, anapepea mayai).

NYONGEZA

Tata, kuna jambo sikuliandika juu. Nilitaka niseme nimesahau, lakini sikusahau.

Ukuta wa jiko langu upande wa baraza ni wa mianzi. Una tundu. Lilikuwa dogo, mimi nikalipanua kwa kisu mwezi wa kumi na mbili, kwa ajili ya sikio, si kwa ajili ya jicho, Mungu ni shahidi. Habari zote za samaki huyu nimezisikia tangu ile ya kwanza. Chumvi naijua, gamba la kombe nalijua, hata yule mwenzako wa Lindi aliyeteleza akakaa juu ya pweza namjua, nilijiziba mdomo kwa leso usinisikie nacheka. Siku zote nilizokuwa nikimwambia Baraka, "Hebu achana na huyo samaki," mimi mwenyewe nilikuwa nahesabu siku zilizobaki kufika Jumamosi.

Sasa Jumamosi ile ya kabla ya ile mbaya ulikuwa umefika pale maji yanapokupwa. Ulisema bahari inarudi nyuma, inakwenda mbali kabisa, na samaki wetu anabaki kwenye kidimbwi cha maji kidogo kama sahani, peke yake, jua linawaka. Ukasema, "Basi pale ndipo…" na mvua ikaangukia bati. Sikusikia hata neno. Nimemuuliza Baraka, anasema alikuwa amelala. Hosea hajui lolote. Mwantum niliona haya kumuuliza, mtu mzima mimi. Mwezi mzima sasa nachochea moto huku nafikiria kidimbwi kile. Maji yalirudi? Au alijifukia akayangoja? Alijuaje kama yatarudi?

Kwa hiyo naomba ombi la (a) lifutwe. Samaki asiondoke. Njoo umalizie, na useme kwa nguvu. Au, kama si dhambi kubwa, naweza kuleta kigoda changu nje, nikae mwisho wa baraza, nimekupa mgongo, uso wangu kwenye migomba, mwiko nimeuacha ndani, na wewe ukiona hivyo si vizuri basi ukohoe tu mara tatu na mimi nita

Subiri kidogo, Tata, kuna anayeita nje. Huyu ni Sekela amekuja kuchukua barua.

Si Sekela. Baraka ametoka kwenye pumba mbio, kuku wametawanyika, kofia haipo kwenye msumari, amekwenda nayo. Kwenye mparachichi sikusikia kikohozi, hata kimoja. Wa barazani mwenyewe anabisha hodi. Na hasemi wa jikoni, anasema Mama Baraka, Mama Baraka mwanangu upo, na mimi peni iko mkononi, mguu mmoja umeshaanza wenyewe kwenda nyuma ya jiko, lakini huu mwingine